Mama Tofali na Lori Lililokamatwa na Mchanga Wake

Siku lori lilipokamatwa, mkwe alirudi kwa miguu. Mama Tofali alikuwa kiwanjani kwake anamwagilia maji tofali za asubuhi, akaona viatu vilivyojaa vumbi vimesimama nje ya geti wala haviingii. Hapo hapo akajua kuna jambo. Mkwe wake hakuwa mtu wa kusimama getini. Alikuwa mtu wa kupiga honi tangu kona ya juu, mpaka mtaa mzima ujue mchanga umefika.

"Ingia, mwanangu," akasema. "Mbona unasimama kama mdai?"

"Mama, wamemkamata Babu."

Jirani yao, fundi cherehani, ambaye dirisha lake lilitazama kile kiwanja, alisikia hayo tu. Akaacha cherehani ikizunguka, akatoka mbio na futi yake ya kupimia shingoni, analia, "Masikini yule mzee! Mtu haoni vizuri, wanamkamata kwa kosa gani jamani?" Ikabidi Mama Tofali amtulize yeye kwanza. Mzee, mume wake, yupo ndani anasikiliza redio. Babu aliyekamatwa ni lori.

Waliliita Babu kwa sababu ya kikohozi chake. Kila asubuhi lilikohoa na kutema moshi mweusi, likanyamaza kana kwamba limekata roho, ndipo likakubali kuwaka. Mume wa Mama Tofali ndiye aliyelinunua, kwa jina la mkewe, likiwa limeshatumika na watu wengine, na ndiye aliyeliendesha miaka yote mpaka macho yalipoanza kumsaliti. Mara ya kwanza aligonga nguzo ya geti akasema nguzo imesogea. Mara ya pili alishuka, akaipapasa ile nguzo kwa mkono, akaingia ndani akauweka ufunguo mezani. Kuanzia wiki iliyofuata usukani akaushika mkwe, kijana mkimya aliyemwoa binti yao wa pekee na ambaye alikuwa na leseni ya malori.

Mama Tofali mwenyewe alikuwa mwanamke mfupi mwenye sauti ya kuita mtu aliye ng'ambo. Alianza kufyatua tofali za saruji kwa kalibu moja la kuazima, baadaye akapata lake, akapata na kiwanja. Wateja walimpenda kwa maneno yake. "Tofali langu likivunjika kabla ya ndoa yako," alikuwa akiwaambia vijana wanaojenga, "njoo nikurudishie vyote viwili." Kazi yake yote ilisimama juu ya vitu vitatu, saruji, maji na mchanga. Saruji iliuzwa dukani, maji yalitoka bombani. Mchanga aliuleta Babu.

Asubuhi ya siku ile palikuwa na mteja aliyekwisha kuchimba msingi, na mawingu yalikuwa yanajikusanya. Mama Tofali alimwambia mkwe wake akiwa tayari amepanda lorini, "Leo lete mbili." Maneno yenyewe yalikuwa hayo tu.

Safari ya kwanza ilikwenda salama. Machimbo yalikuwa halali, yana leseni, na kila lori linalotoka hupewa kibali cha kusafirisha kilichogongwa muhuri, kibali kimoja kwa safari moja. Mkwe aliporudi kwa safari ya pili, alikuta karani wa vibali amefunga ofisi kaenda msibani. Vibarua wakapakia. Msimamizi wa machimbo akamwambia, "Nenda na hicho hicho cha asubuhi. Kesho karani atakuandikia kingine, si tunajuana?" Mkwe akaenda. Njiani akakuta polisi wamesimama na watu wa ofisi ya madini. Wakatazama kibali, wakatazama mchanga uliokuwa bado unachuruzika maji, wakamwambia azime gari.

"Wanasema mchanga umeibwa, Mama," akamalizia, macho yake yakiwa chini. "Wanasema nije kesho na mwenye gari."

* * *

Kesho yake wakaenda wote wawili, Mama Tofali akiwa amevaa gauni lake la harusi za watu. Askari wa kaunta aliwasikiliza vizuri mpaka mwisho, kisha akasema, "Mama, hilo gari liko chini ya madini. Sisi tuliwasindikiza tu."

Wakaenda ofisi ya madini. Ilikuwa nyumba safi, ina maua mlangoni na kiyoyozi kinachodondosha maji kwenye ndoo. Ofisa aliwakaribisha viti. "Sisi tunaandika ripoti tu," akasema. "Aliyekamata ni polisi. Ufunguo uko polisi."

Wakarudi polisi. "Ufunguo upo," askari akakubali, tena akawaonyesha, umening'inia msumarini pamoja na wenzake. "Lakini siwezi kuutoa bila barua ya madini."

Basi ikawa nenda rudi, njoo kesho, bosi katoka, bosi yuko kikaoni. Walipigwa danadana mpaka mlinzi wa madini akawa anamsalimia Mama Tofali kama shangazi yake. Siku alipofanikiwa kumwona bosi mwenyewe, bosi alifungua kompyuta, akatikisa kichwa kwa huruma.

"Umechelewa, mama. Jalada limekwishapelekwa mahakamani. Ungekuja mapema, dereva akakiri kosa, mkalipa faini hapa hapa ofisini, yangekwisha siku ile ile."

"Mapema lini, baba? Mimi nilikuja siku ya pili yake. Mkaniambia niende polisi."

Bosi akaifunga kompyuta yake, akaita anayefuata.

Kitu kimoja waliruhusiwa, kulitazama lori lao. Uwanja wa magari yaliyokamatwa ulikuwa nyuma ya kituo, umezungushiwa seng'enge, majani yamefika magotini. Mabasi madogo yasiyo na magurudumu yalikuwa yamekaa chini kwa matumbo. Pikipiki zimelaliana kama kuni. Babu alikuwa mwisho kabisa, ubavuni mwa ukuta, na ule mchanga wa safari ya pili bado ulikuwa mgongoni mwake wote.

Hilo ndilo lililomuuma Mama Tofali kuliko mengine. Lori halikuumbwa kusimama na mzigo. Springi za nyuma zilikuwa zimelala, tairi zimeanza kuzama ardhini. Alimfuata askari wa uwanja.

"Afande, naomba tushushe mchanga tu. Lori libaki, ufunguo ubaki, ukitaka mimi mwenyewe nibaki. Huu uzito unavunja springi."

"Haiwezekani, mama. Mchanga ndio ushahidi."

"Basi ushahidi tuumwage hapa chini. Si utakuwa mchanga ule ule?"

Askari alicheka, akamwangalia mkwe, akacheka tena. Lakini alisema hapana.

Mvua zikaja. Mteja mwenye msingi akaenda kununua tofali kwingine, na wengine wakamfuata. Mama Tofali akawa ananunua mchanga wa mikokoteni, kidogo kidogo, ghali, mwingine una udongo. Alikuwa akipita uwanjani kila anapokuwa na shughuli upande ule, akashika waya wa seng'enge akachungulia. Siku moja akaona juu ya mchanga wa Babu pameota majani, mabichi kabisa, yanapepea. Siku nyingine akaona kifuniko cha betri kiko wazi na betri haipo. Alipokwenda kulalamika, aliambiwa hilo ni kosa jingine, afungue jalada jingine.

* * *

Fundi cherehani ndiye aliyemtafutia wakili. Alikuwa amemshonea suti. Wakili alikuwa mwanamke asiyechekacheka, ofisi yake iko ghorofani juu ya duka la rangi, ngazi zake nyembamba kiasi kwamba anayepanda humsubiri anayeshuka. Aliwauliza maswali mengi bila kuinua macho, halafu akaweka kalamu chini.

"Kuna mambo mawili hapa, na watu huyachanganya," akasema. "La kwanza ni kulitoa lori sasa hivi, wakati kesi inaendelea. Hilo linawezekana. Hakuna sheria inayotaka gari lioze ili kesi isikilizwe. Tunaomba mahakamani liachiwe kwa dhamana. Wanalipiga picha, wanapima mchanga na kuchukua sampuli, unaahidi hutaliuza, hutalibadilisha, na utalileta likitakiwa. Kuachiwa huko si kushinda kesi. Ni kulitunza tu nyumbani badala ya kulitunza kwenye majani."

"Na la pili?"

"La pili ni mwisho wa kesi. Dereva akipatikana na hatia, serikali inaweza kulitaifisha lori moja kwa moja. Kinga ya mwenye mali ni moja, aonyeshe kwamba kosa lilitendeka bila yeye kujua wala kuridhia." Akamgeukia mkwe. "Kijana, naomba utusubiri nje kidogo."

Mkwe alipotoka, wakili alivuta karatasi. Ilikuwa hati ya kiapo aliyoiandaa kabla hawajafika. Mama Tofali aliisoma polepole, kidole kikifuata mistari, mpaka kikafika mahali kikagoma kwenda mbele. Paliandikwa kwamba dereva alilitumia gari kwa safari ile bila ridhaa wala ufahamu wake.

"Hii nikisaini, yeye inakuwaje?"

"Inakuwa mbaya kwake," wakili akasema. "Siwezi kukudanganya. Lakini yeye ataadhibiwa vyovyote. Swali ni kama lori liende naye."

Alikwenda nayo nyumbani bila kuisaini, imekunjwa ndani ya mkoba kama dawa chungu. Mchana wakati wa kula aliitoa. Binti yake alikuwa mjamzito, tumbo limefika mahali hawezi tena kuinama kuokota kijiko. Mume wake alikaa kichwani mwa meza, uso ameugeuzia upande wa sauti. Mkwe, kwa heshima yake, alikaa karibu na mlango.

"Saini," mzee akasema, alipokwisha kusomewa.

"Baba!" binti akashtuka. "Si watamfunga?"

"Na lori likienda, nani hapa atakuwa amebaki nje? Mimi huyu kipofu? Mama yako na mikokoteni yake? Wewe na hilo tumbo?" Mzee hakuwa amepandisha sauti. Mikono yake tu ndiyo ilikuwa inapapasa kingo za meza, huku na huku. "Mimi simchukii mume wako. Mimi nilimfundisha lile lori. Lakini hesabu ni hesabu."

Binti akaanza kulia kwa namna ya mtu aliyekwishalia sana, machozi bila sauti. Ndipo mkwe akasema kutoka mlangoni, akiiambia sakafu:

"Mama, saini tu. Usukanini nilikuwa mimi. Nimekubali."

Kama angejitetea, pengine Mama Tofali angesaini. Angepata hasira ya kumsaidia. Lakini yule kijana alikuwa amekubali, hana kinyongo, na chakula chake alikuwa amekigusa tu. Mama Tofali akaikunja karatasi, akaenda kiwanjani kuchanganya saruji mpaka jioni. Kila alipotupa sepetu alijisikia mwenyewe, kwa ile sauti yake ya kuita ng'ambo, akisema leo lete mbili.

Asubuhi alipanda tena zile ngazi.

"Huu mstari uuondoe," akamwambia wakili.

"Nikiuondoa, niweke nini?"

"Weka ilivyokuwa. Nilimwambia alete mbili."

"Hukumwambia alete bila kibali."

"Sikumwambia. Wala sikumuuliza. Saa ile mimi nilikuwa nataka mchanga."

Wakili alivua miwani. "Mama yangu, unaelewa? Tunaweza kusema wewe ni mwenye gari na ukaomba dhamana, tukanyamaza hapo. Lakini ukiandika hilo, mwendesha mashtaka atakuongeza kwenye kesi. Unajifunga mwenyewe."

"Kwani sasa hivi niko nje?"

Wakabishana kidogo, wakili akitafuta maneno laini, Mama Tofali akiyakataa, mwishowe ikaandikwa wazi: aliagiza safari mbili kwa siku moja, alijua kila safari hutaka kibali chake, na hakuuliza kama cha pili kilipatikana. Akasaini kwa herufi kubwa, kama anavyosaini stakabadhi za wateja.

* * *

Hakimu alikuwa mpole. Alisikiliza ombi lote, akaandika kwa mkono, akauliza springi ni nini akaelezwa. Mama Tofali akaanza kupumua. Kisha hakimu akasoma uamuzi. Sheria ya madini, akasema, ina njia yake ya kushughulikia vyombo vilivyokamatwa. Mahakama yake haina mamlaka ya kuliachia lori. Mwombaji aende kwa mamlaka ya madini.

Wakatoka hapo moja kwa moja hadi kwenye ile nyumba yenye maua. Bosi akamsikiliza wakili, akaita karani, karani akaangalia kabatini.

"Kwetu hakuna jalada la kutaifisha lori hili," bosi akasema. "Kama hakuna jalada, siwezi kusikiliza ombi."

"Basi lifungue," wakili akasema.

"Hatuwezi kulifungua kabla kesi ya mahakamani haijaisha."

"Na mahakama inasema lori liko mikononi mwenu."

"Halipo mikononi mwetu, wakili. Liko polisi."

Walipofika nje, wakili alisimama karibu na yale maua akacheka. Ilikuwa mara ya kwanza Mama Tofali kumsikia akicheka, na hakikuwa kicheko cha kumfurahisha mtu. "Hakuna anayelishika," akasema, "na hakuna anayeweza kuliachia. Nimesoma miaka yote ile, sikufundishwa hili." Akafuta macho kwa kiganja. "Tunakwenda Mahakama Kuu kuomba marejeo. Jaji ayaangalie upya haya."

Mwendesha mashtaka naye hakulala. Kama wakili alivyotabiri, karatasi ya Mama Tofali ilimfaa sana. Hati ya mashtaka ikabadilishwa, na mwanamke aliyekuwa mwombaji asiye na kosa akawa mshtakiwa wa pili, nyuma ya mkwe wake, wote wawili wakiwa nje kwa dhamana.

Kizimba cha mahakama ile kilikuwa kidogo, kimetengenezwa kwa mbao nzito na kina mlango mfupi kama wa banda la kuku. Mtu mmoja alienea vizuri. Wawili walilazimika kubanana. Tangu amwoe binti yake, mkwe hakuwahi hata kukaa na Mama Tofali kwenye benchi moja. Sasa bega lake lilikuwa limegandamana na la mama mkwe wake, na kwa haya alijigeuza upande, ubavu kwa ukuta, mpaka askari akamwamuru atazame mbele.

Siku ya kuja kwa mashahidi, binti alishikwa na uchungu tangu alfajiri. Fundi cherehani aliahidi kumpeleka hospitali. Mkwe alitaka kwenda nao. Mama Tofali akamshika mkono wa shati.

"Usipofika mahakamani wanafuta dhamana yako. Mtoto atazaliwa akutafute rumande."

Wakakaa kwenye benchi la nje wakisubiri kuitwa. Simu zilikuwa zimekabidhiwa mlangoni. Kila mlango ulipofunguka mkwe alisimama nusu, akakaa. Kesi ya mbuzi ikaitwa, ikaitwa ya ukuta uliopita mpaka, ikaitwa ya watu waliopigana kilabuni ambao sasa walikuwa wanataniana. Hawa wawili wakasubiri. Zamu yao ilipofika wakaingia kwenye kile kibanda chao, na Mama Tofali akasikia mbao zinatetemeka. Alidhani ni mtikisiko wa magari barabarani. Alikuwa ni yule kijana, anatetemeka mwili mzima, meno ameyauma.

Mama Tofali hakufikiri. Akamshika kiwiko, akakikaza kama anavyokaza kalibu, wala hakukiachia hata hakimu alipowatazama.

"Mheshimiwa," mwendesha mashtaka akasema, "shahidi wetu, msimamizi wa machimbo, hajafika. Naomba kesi iahirishwe."

Ikaahirishwa. Yote hayo yalichukua muda wa mtu kunywa maji glasi moja. Mlangoni mkwe alinyakua simu yake, akaiwasha, akampigia fundi, akasikiliza. Kisha akaketi kwenye ngazi za mahakama, palepale watu wanapopita.

"Wa kike," akasema. "Alikuwa ananiita, Mama. Fundi anasema alikuwa ananiita."

Mama Tofali alimpokonya simu asije akaiangusha. Alikuwa amekuwa bibi, na hakujua afanye nini na uso wake.

* * *

Amri ya Mahakama Kuu ilikuja wakati yeye amekwisha kuacha kuiulizia. Jaji aliandika kwamba kwa kuwa ofisi ya madini haikuwa imeanza utaratibu wowote wa kulitaifisha lori, hakimu alikuwa na mamlaka kamili ya kuliachia. Kwamba kuacha chombo cha kazi kioze uwanjani hakumsaidii mtu yeyote, si serikali wala mshtakiwa. Liachiwe kwa masharti. Wakili alimsomea kwenye simu, akarudia kile kipande cha kuoza, sauti yake imejaa fahari.

Masharti yalikuwa ya kutosha. Dhamana ilitaka mali isiyohamishika, na mali ya namna hiyo walikuwa nayo moja, nyumba wanayolala pamoja na kiwanja chake. Mzee alishikwa mkono hadi kwa karani wa mahakama, akasomewa kwamba lori likipotea au likifichwa, nyumba inakwenda.

"Lipotee vipi?" mzee akauliza. "Hata kuwaka haliwaki."

Makarani wote walicheka, na yeye mwenyewe akacheka, akaelekezwa mahali pa kuweka dole gumba.

Wakalipiga lori picha kila upande. Wakapima mchanga, wakafunga sampuli kwenye mifuko, wakauacha uliobaki umwagwe hapo hapo uwanjani. Mzigo uliposhuka, Babu hakuinuka. Springi zilikuwa zimekubali kulala. Likavutwa kwa gari jingine hadi nyumbani, tairi moja likiimba njia nzima, na watu wa mtaa wakatoka kushangilia, fundi cherehani mbele yao akipiga vigelegele. Mzee alisimama getini, akalipapasa kuanzia taa za mbele hadi nyuma, mkono ukapita kila mkwaruzo mpya. Alipofika mwisho alisema tu, "Mmeliacha lipate kutu," kana kwamba anaongea na mtu asiyekuwapo.

Walidhani mabaya yamekwisha. Lakini lori liliruhusiwa kukaa nyumbani kwa sharti lisibebe mchanga, mawe wala kokoto, na tipa isiyobeba hivyo ni kazi gani utaipa? Leseni ya mkwe ilikuwa ndani ya jalada la kesi kama kielelezo. Dereva wa kukodi alikuja, akachungulia chini, akasema hakanyagi gari lenye springi zile. Mama Tofali akataka kubadilisha springi. Wakili akamzuia: picha zinaonyesha springi zilizolala, na amri inasema lisibadilishwe. Matengenezo labda yangeruhusiwa, lakini bora kuomba kwanza, nyumba isije ikaingia matatani. Wakaomba. Ombi likapangiwa tarehe, tarehe ikasogezwa. Askari mmoja wa mahakama akawa anakuja mara kwa mara na zile picha, analizunguka lori, analilinganisha, anaandika, anaomba maji ya kunywa, anaondoka.

Msimamizi wa machimbo mpaka leo hajaja kutoa ushahidi. Wengine wanasema amehamia machimbo mengine, wengine wanasema ameambiwa asije. Kila tarehe ikifika Mama Tofali na mkwe wake huvaa nguo zile zile, huingia kwenye kile kizimba, huahirishiwa, hurudi. Mkwe siku hizi ndiye anayesukuma mkokoteni wa mchanga. Amekonda, lakini jioni humbeba mtoto wake mgongoni na kumzungusha kiwanjani kati ya tofali. Wakili anasema kesi ina udhaifu, inaweza kufutwa. Anasema pia inaweza isifutwe, na ile karatasi ya Mama Tofali itasomwa siku hiyo neno kwa neno. Mama Tofali hajawahi kusema anajuta. Hajawahi pia kusema hajuti. Mume wake alimuuliza mara moja, akajibiwa kwamba uji unapoa.

Juzi alikuja mteja mgeni, mtu wa kitambi na viatu vya kung'aa, kuulizia tofali za ukuta. Akaliona lori chini ya turubai.

"Kumbe una gari! Basi niletee na mchanga kabisa, twende sambamba."

"Halitembei hilo."

"Limekufa injini?"

"Injini sijui. Halijawashwa."

"Basi niuzie. Nina fundi wangu atalifufua."

"Haliuzwi, baba."

Yule mtu akalitazama, akamtazama yeye. "Halitembei, haliuzwi, hulitengenezi. Sasa linafanya nini hapo?"

"Linangoja kesi," Mama Tofali akasema. "Tuko nalo pamoja."

Mteja akacheka sana, akidhani ni ule utani wake ambao ameusikia ukisifiwa mjini. Mama Tofali akamwacha acheke. Kisha akamuuliza ukuta wake ni wa urefu gani, na kama msingi umekwisha kuchimbwa, na akamwambia mapema kwamba mzigo hautakuwa tayari keshokutwa, kwa sababu keshokutwa yeye na kijana wake hawatakuwepo.

"Mnasafiri?"

"Hapana," akasema. "Tunaitwa."